India: maombi ya riti wakati kesi ya madai bado inaendelea

Mdau_Sheria
Wakuu, naomba ufafanuzi. Hukumu nyingi za India tunazozinukuu zinaanza na maombi chini ya Ibara za 226 (riti, yaani amri maalum za Mahakama Kuu) na 227 (usimamizi wa mahakama za chini) za Katiba yao, na kesi ya madai yenyewe haijaisha. Tuseme mdai ameomba kurekebisha hati ya madai, hakimu akakataa. Kwa nini asiende kwa njia ya marejeo, yaani kuomba Mahakama Kuu iikague amri hiyo? Na Mahakama Kuu inaingiliaje jambo lililo kwenye hiari ya hakimu?

Hoja_na_Kifungu
Mlango wa marejeo ulibanwa tarehe 1 Julai 2002, marekebisho ya kifungu cha 115 cha Sheria ya Mwenendo wa Madai ya India yalipoanza kutumika. Kipimo chao sasa ni hiki: geuza amri. Kama mwombaji angekubaliwa, kesi ingeisha? Mdaiwa akiomba hati ya madai itupwe akakataliwa, marejeo yapo, kwa sababu angekubaliwa kesi ingekufa palepale. Mdai wako hata angekubaliwa, kesi ingeendelea. Kwa hiyo hana marejeo, na amri ya namna hiyo haina rufaa. Kinachobaki ni 227.

Usiandike 226. Hukumu ya Surya Dev Rai ya 2003 iliruhusu, lakini ya Radhey Shyam ya 2015, majaji watatu, ilisema amri za mahakama za madai hazishambuliwi kwa riti ya certiorari, yaani ya kufuta uamuzi wa chini. 227 ni usimamizi tu: hakimu amevuka mamlaka yake, amekataa kuyatumia, au amefikia uamuzi usio na ushahidi wowote. Kwamba jaji wa juu angeamua vingine, hiyo si sababu. Ukiona maombi yamejaa mabishano ya ushahidi, jua yatatupwa.

Masjala_Kuu
Naongezea ya utendaji. Kwanza angalia kama amri ina rufaa. Zuio la muda likikataliwa, rufaa ipo chini ya Amri ya 43 kanuni ya 1(r) ya Sheria hiyo hiyo ya Mwenendo wa Madai, na Mahakama ya Juu ilisema mwaka 2019 kwamba penye rufaa hiyo, 227 karibu imefungwa kabisa.

Pili, kufungua maombi hakusimamishi kesi. Omba amri ya kusimamisha, peke yake, tena mapema; wengi wanasahau, mashahidi wanasikilizwa na maombi yanabaki hayana maana. Ambatanisha nakala iliyothibitishwa ya amri, hati ya madai, utetezi, ombi lililokataliwa na majibu yake. Hakuna ukomo wa siku uliotajwa, ila ukichelewa bila maelezo utanyimwa.

Ukikosa yote, kifungu cha 105 cha Sheria hiyo kinakuruhusu kuilalamikia amri hiyo ndani ya rufaa ya hukumu ya mwisho, mradi kosa lake limegusa matokeo.

Mdau_Sheria
Asanteni sana. Kwa hiyo naweza kuzinukuu Tanzania?

Hoja_na_Kifungu
Kwa uangalifu mkubwa. Sheria yetu ya Mwenendo wa Madai ya 1966 ina asili ya ile ya India ya 1908, na sisi pia tulibana marejeo mwaka 2002, kwa Sheria Na. 25. Lakini kifungu cha 79(2), kwa namba za toleo la 2019, kinauliza kama amri *yenyewe* imemaliza shauri. Hatugeuzi. Pingamizi la awali likikataliwa hapa, marejeo hakuna, maana shauri linaendelea. India lingeweza kupita. Ukinukuu ya kwao bila kusema tofauti hiyo, wakili wa upande wa pili atakusomea kifungu tu, na maombi yako yameishia hapo.