Zile nguo zenye mabonge za Rei Kawakubo mnazielewaje?

fundi_wa_mbagala: Wakuu habari za jioni. Mimi fundi, nguo za kike, mwaka wa 9 sasa. Juzi binti yangu kanionyesha kwenye simu picha za maonyesho ya Rei Kawakubo, yule mbunifu wa mavazi wa Japani mwenye kampuni ya Comme des Garçons, yale ya makumbusho ya Met kule New York 2017, na tangu hapo kichwa hakijatulia. Kuna gauni la drafti limembana mtu vizuri kabisa halafu mgongoni karibu na bega kuna bonge, na jingine limekaa nyonga ya upande mmoja tu, upande wa pili hamna kitu. Sasa mimi mteja akija bega moja limeshuka naweka pedi upande ule yalingane, ndo kazi yetu hiyo, kuficha. Huyu mama kafanya kinyume na anasifiwa dunia nzima. Aliyeziona kwa macho anieleweshe, na ndani wamejaza nini?

dada_queens: Fundi mimi nilienda. Ukumbi mweupe wote, nguo kama 140 hivi, ukutani hamna maelezo, hamna kamba ya kukuzuia, unasimama karibu mpaka unaona uzi. Hayo ya mabonge ni ya 1997, kitambaa ni nailoni ya kuvutika na ndani ni manyoya ya bata bukini. Ukilitazama moja kwa mbele ni gauni tu, ukizunguka ubavuni ndo mwili unabadilika, nilizunguka mara 3 na nikajikuta nimejishika bega langu mwenyewe. Na huyo mama hata ushonaji hakusomea, alisomea sanaa.

mjukuu_wa_tanga: Mnisamehe, mimi inaniuma. Bibi yangu alikuwa na kibyongo, watoto walikuwa wanamfuata nyuma wanamuigiza mpaka akaacha kwenda sokoni mchana. Leo mtu anakivaa, anapigwa picha, jioni anakivua anakitundika. Bibi hakuwa na pa kukitundika.

shangazi_K: @mjukuu pole sana, na sikubishii. Ila tazama hapa kwetu, wadada wanavaa vigodoro kila harusi na hakuna anayeshtuka, kwa nini? Kwa sababu sponji imekaa pale macho yetu yanapopenda. Kawakubo kaihamisha tu, kaipeleka mgongoni, na hapo ndo tunajua kumbe shida haikuwa sponji wala bonge, ni sisi tulioamua mwili uvimbe wapi na wapi usivimbe. Halafu mwaka huohuo 1997 Merce Cunningham, mtunzi wa dansi wa Marekani, aliwavalisha wacheza dansi wake mabonge hayo wakacheza nayo jukwaani, ukigeuka uzito unakuvuta upande, inabidi mwili ujifunze kusimama upya. Nadhani bibi yako alilijua hilo kuliko wote humu.

fundi_wa_mbagala: Asanteni, na @mjukuu nimekusoma mara 2. Jumamosi kuna mteja wangu anakuja, bega la kushoto limeshuka, nimemshonea miaka 4 na pedi naweka bila hata kumuuliza. Safari hii nitamuuliza. Dada wa Queens, ule mshono wa ubavuni ulipita juu ya bonge au ulilizunguka? Kama unakumbuka niambie, nataka kujaribu kwa sponji ya godoro la zamani.