Mjadala: Mabaraza ya Kata yarudishiwe mamlaka ya kuamua kesi za ardhi?

MtemiNgudu
Wakuu, hili tulizungumze. Sheria ya Mahakama za Migogoro ya Ardhi ya Tanzania ya 2002 ililipa Baraza la Kata nguvu ya kusikiliza na kuamua mgogoro wa ardhi yenye thamani isiyozidi shilingi milioni 3. Marekebisho ya 2021 yakaiondoa. Kata sasa inasuluhisha tu. Mtu anayegombania robo eka ya mihogo anafunga safari hadi Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya, na wengine baraza lao liko wilaya jirani. Nauli ya mashahidi watatu, mara tano kwa sababu ya kuahirishwa, inaizidi bei ya shamba. Kata irudishiwe meno. Na huko wilayani penyewe wazee wa baraza, wale raia wanaokaa na mwenyekiti kusikiliza kesi, wamewekwa kama mapambo tu, maoni yao hayabadilishi kitu.

Mama Usharika
Mapambo? Soma kifungu cha 23 cha sheria hiyohiyo. Baraza halijakamilika bila mwenyekiti na wazee wasiopungua wawili, na wanatoa maoni kabla hajafikia hukumu. Kifungu cha 24: maoni hayamfungi, ila akitofautiana nao lazima aandike sababu. Mwenyekiti aliyeletwa kutoka mkoa mwingine atajuaje kuwa safu ile ya minyaa ni mpaka wa shamba na si ua wa zizi? Mzee ndiye anayeuliza iliota lini na nani aliipanda. Usiwadharau watu wazima.

WakiliPembezoni
Mtemi, kata unayoililia ilikuwa inaua kesi zake yenyewe. Wajumbe ni wanne hadi wanane, watatu kati yao wanawake. Ukifungua mwenendo, yaani kumbukumbu za kesi, orodha ya waliokaa siku hiyo haipo. Leo wamesikiliza watano, wiki ijayo wanne, mmoja wao mgeni, kisha hukumu inasainiwa na saba. Kwenye rufaa mwenendo wote unafutwa na miaka miwili imekwenda na maji. Hiyo milioni 3 nayo, nani alithamini? Mara nyingi hakuna aliyeandika thamani, na pingamizi la mamlaka, kwamba kata haikuwa na uwezo wa kuamua, linakuja mwishoni.

Kingine watu wanazungushwa bure. Kata ina siku 30 za kusuluhisha. Zikipita bila suluhu, mdai anafungua shauri wilayani hata kama kata haijampa cheti cha kushindwa usuluhishi. Atunze tu nakala ya malalamiko yenye tarehe ya kupokelewa.

Kisima cha Ilula
Ila baraza la wilaya nalo linaishia kwenye mali ya milioni 40, kwa hiyo wenye nyumba mjini wote wanarundikana Mahakama Kuu.

WakiliPembezoni
Hiyo ni ya zamani. Tangu 2016 ni milioni 300 kwa shauri la kudai mali isiyohamishika.

MtemiNgudu
Mama Usharika, sijamtukana mzee yeyote, na usinitie maneno mdomoni. Nimesema mfumo unawafanya mapambo. Kanuni ya 19(2) ya kanuni za mabaraza ya wilaya za mwaka 2003 inamtaka mwenyekiti, ushahidi ukishafungwa, amtake kila mzee aandike maoni yake, na anaruhusiwa kuandika kwa Kiswahili. Mahakama ya Rufani imesema tena na tena kwamba maoni hayo yasomwe mbele ya wadaawa, yaani pande za kesi, kabla ya hukumu. Kinachofanyika? Mwenyekiti anaandika kwenye hukumu "wazee wamekubaliana nami", ukitafuta karatasi zao kwenye jalada hazipo, au zipo lakini hazikusomwa. Aliyeshinda kihalali anaambiwa aanze upya.

Mama Usharika
Basi kosa ni la mwenyekiti, na anayeadhibiwa ni mjane aliyeshinda!

Kisima cha Ilula
Wafutwe tu hao wazee. Mahakama Kuu yenyewe kwenye jinai tangu 2022 si lazima tena jaji akae nao.

Mama Usharika
Jinai si mpaka wa shamba. Ukiwafuta, shamba lisilopimwa litaamuliwa na mtu asiyelijua, kwa kutazama karatasi za mauziano zilizoandikwa na mwenye kalamu.

Nyamizi K.
Hapa mnagombana juu ya wazee, lakini kesi nyingi zinakufa mwanzoni kabisa, kwenye maelezo ya ardhi. Maombi yanaandikwa "shamba lililopo kijiji fulani", basi. Kanuni ya 3 ya kanuni hizohizo inataka eneo litambulike. Kama halijapimwa, andika kitongoji, ukubwa, na mipaka minne: kaskazini unapakana na nani, kusini na nani, mashariki kuna njia au korongo, magharibi kuna nini. Bila hivyo utashinda, dalali wa baraza atakwenda kukazia hukumu, yaani kuitekeleza, na asijue asimame wapi, na jirani ambaye hakuwa kwenye kesi ataleta pingamizi lake.

Na baraza likitembelea eneo, waende mwenyekiti, wazee wote na pande zote mbili. Kila kipimo na kila jibu liandikwe palepale, kisha wakirudi barazani lisomwe mbele ya wote, na mwenye la kusahihisha asahihishe. Mwenyekiti akienda na upande mmoja kwa sababu ndio wenye gari, hiyo ni sababu ya rufaa.

MtemiNgudu
Sasa ndiyo tunaongea. Nani analipia hilo gari? Kata inakwenda kwa miguu!

WakiliPembezoni
Inakwenda kwa miguu, na shemeji wa mdai amekaa humo kama mjumbe. Hilo hujalijibu.

Kisima cha Ilula
Swali kwa wanaojua: kama maoni ya wazee hayakusomwa, mtu afanye nini, na ana muda gani?

Nyamizi K.
Siku 45 za rufaa kwenda Mahakama Kuu. Siku ileile ya hukumu peleka barua ya kuomba nakala za hukumu, tuzo (amri inayotokana na hukumu) na mwenendo, na ubaki na nakala yenye mhuri wa kupokelewa. Mwenendo ukitoka, tafuta tarehe ambayo baraza liliitwa kwa ajili ya kusoma maoni na uone kama wadaawa wameandikwa kuwa walikuwepo. Kama tarehe hiyo haimo, iweke iwe sababu ya kwanza ya rufaa.