Tupeane uzoefu: uliwahi kutunga mchawi mvumbuzi anayejificha na watu? Ilikuwaje?

#1 (mleta mada)
Wakuu habari za humu. Mimi natunga stori za kujifurahisha tu, sijawahi kuchapisha kitabu, ila kuna mhusika mmoja ananisumbua mwaka wa tatu sasa. Ni mzee mchawi, fundi wa vitu vya ajabu, kajifungia mnarani hataki kuona mtu. Kichwani kwangu yupo kabisa, nikianza kumwandika anageuka mdoli. Nikampa dada yangu asome, akanirudishia na kusema "huyu mzee wako ana ndevu na fimbo, zaidi ya hapo sijaona kitu". Nilinuna siku mbili halafu nikakubali yaishe.

Kilichonifungua macho kidogo ni habari za Henry Cavendish, mwanasayansi wa Uingereza aliyefariki 1810. Jamaa alikuwa tajiri wa kutupwa ila anaogopa watu, hasa wanawake, mpaka watumishi wake wa kike anawaandikia vikaratasi vya chakula anachotaka, na nyumbani akajengesha ngazi nyingine ili asipishane nao. Ndo huyo huyo aliyekaa kwake na mipira ya madini ya risasi akapata jibu la uzito wa dunia, 1798. Sasa ishu iko hapa: kazi zake nyingi za umeme hakuzitoa, zikalala makaratasini mpaka mwanafizikia James Clerk Maxwell alipozichapisha 1879, ndo watu wanakuta mambo ya umeme yaliyokuja kupewa majina ya wanasayansi wengine, Coulomb na Ohm, mzee alishayagusa zamani akanyamaza zake. Nikasema stori iko hapo, kwenye vitu vilivyobaki na mwenyewe hayupo kuvielezea.

Leteni zenu, mlikwama wapi mkatokaje.

#2
Mkuu mimi ndo msimuliaji kwenye kundi letu la gemu la kuigiza, lile la mezani na dadu. Wangu nilimuua kabisa, kafa miaka mia kabla stori haijaanza, wachezaji hawajawahi kumuona hata kwenye picha. Wanaingia mnarani kwake kutafuta mashine fulani na mimi nikawa nawapa vitu vidogo vidogo tu. Vitasa vya milango viko chini, usawa wa kiuno cha mtoto. Rafu zote za vitabu zinaishia katikati ya ukuta, juu kutupu. Milango haina vizingiti. Na mnara mzima, ghorofa saba, hauna ngazi hata moja, ni mteremko tu unaozunguka mpaka juu.

Wakabishana wiki tatu. Mmoja kashikilia alikuwa mbilikimo, mwingine anasema aliishi na mtoto akamficha, mwingine yeye ana uhakika ni joka, sijui joka na vitabu wapi na wapi. Wiki ya nne nikawaambia sakafu ya ule mteremko ina mifereji miwili imelika, iko sambamba, umbali uleule kutoka chini mpaka juu. Meza ikakaa kimya, kisha dada mmoja ambaye huwa haongei sana akasema "jamani, huyu alikuwa hatembei. Alikuwa na kiti cha magurudumu."

Sasa kumbukeni kule kijijini chini walishaambiwa na kila mtu kwamba yule mchawi alikuwa na kiburi, hakuwahi kushuka kuwasalimia watu. Wakarudi kijijini. Nikawaelezea upya kilekile nilichowaelezea siku ya kwanza, sikuongeza neno: kijiji kimejengwa kwenye mlima na kila nyumba unaifikia kwa ngazi za mawe.

Ile mashine hawakuitafuta tena aisee. Waliomba mawe wakaanza kujenga njia ya mteremko, na mimi sikuwa nimeandaa kitu, ikabidi nitunge papo hapo.

#3
Dah. #2 hiyo naiba, nisamehe mapema.

#4
Mimi nitapingana kidogo. Mnaupenda sana huu upweke lakini hakuna mtu anaishi peke yake kweli. Nani anamletea mafuta, nani anamletea waya wa shaba? Mtazameni Al-Jazari, yule fundi wa zamani aliyebuni saa ya maji yenye umbo la tembo. Hakujificha, alikuwa mtumishi wa watawala wa Diyarbakir, Uturuki ya leo, miaka mingi na kile kitabu chake cha mashine cha 1206 alikiandika kwa sababu mtawala alimwambia andika. Angejifungia leo tusingejua habari ya huyo tembo.

Kwa hiyo stori yangu nilimpa kijana wa mizigo. Miaka kumi na tisa anaacha kapu mlangoni, ndoo inashuka kwa kamba, kapu linapanda. Hawajawahi kuongea. Mzee akafa, kijana ndo mtu pekee aliyejua, kwa sababu ndoo haikushuka. Halafu hajui kusoma, na zile karatasi za mzee akazitumia kufungia mishumaa anayouza. Msomaji mmoja aliniambia hilo haliwezekani, nikamkumbusha kitabu cha kurasa za ngozi chenye kazi ya Archimedes, mwanahisabati wa Ugiriki ya kale, kilichokwanguliwa wino ili ziandikwe sala juu yake, 1229, kazi hiyo ikaja kusomwa tena 1906.

#5
Yangu ni ya kufeli, msicheke. Nilimtungia mvumbuzi taa isiyozimika milele. Chapta ya tano msomaji akauliza, kama taa hiyo ipo, mbona mji mzima bado unawasha mishumaa? Nikatafuta jibu mwezi mzima. Mwisho nikakumbuka Heron wa Alexandria, karne ya kwanza huko, alishaunda tufe linalozungushwa na mvuke na sanduku ukitia sarafu linakupimia maji ya hekaluni, na maisha yakaendelea vilevile. Kitu kuwepo sio kuenea.

Nikairekebisha: taa inakula usingizi wa aliyeiwasha. Ikiwaka yeye halali. Ghafla nikapata na sababu ya kujificha bila kuitafuta, maana mzee ana miaka kumi na moja hajalala, anachanganya siku, anamwita mgeni kwa jina la mkewe aliyekufa, na kuizima anaogopa kwa sababu hajui akilala ataamka lini.

#6
Naomba tu tumpumzishe Nikola Tesla, yule mvumbuzi wa mambo ya umeme. Kila mtu akitunga mvumbuzi mpweke ni chumba cha hoteli na njiwa. Alifariki kweli hotelini New York Januari 1943 na vitu vyake vikachukuliwa na serikali, tumeshaelewa.

Mimi wangu nilimtoa kwa mjomba, fundi redio, marehemu sasa. Hakupenda wageni. Alipoondoka tukakuta boksi lina kifaa hatujawahi kukielewa na juu kabandika karatasi kwa mwandiko wake, "usiguse waya wa kijani". Tukafungua. Nyaya zote ni za kijani. Lile boksi bado liko juu ya kabati, hakuna aliyeligusa wala kulitupa. Kwenye stori nilibadilisha waya ukawa uzi na redio ikawa kinywa cha shaba, mengine nimeyaacha yalivyo.

#1 (mleta mada)
Wakuu nimefuta chapta nzima ya nguvu zake, kurasa kumi na moja hizo, roho inauma. Sasa hivi inaanza na ndoo ambayo haijashuka, #4 nimekukopa nitakulipa. Ila #2 nina swali, yule mzee wako mwenye kiti, kijiji kizima ni ngazi na yeye hashuki, magurudumu alikuwa anapakiwa mafuta na nani?

#2
Aisee. Sijawahi kufikiria. Tunacheza kesho kutwa, nisubirini.