Mzee wangu na hawa Lions: nimwache aangalie mechi Jumapili au nimlaze mapema? Naombeni ushauri

BintiUkerewe (Alhamisi, 11 Januari 2024)

Habari zenu wana jukwaa. Niko Michigan, Marekani, mwaka wa sita sasa. Nina jambo linaninyima usingizi na muda umebana, kwa hiyo naomba mnisome mpaka mwisho.

Kuna mzee wangu hapa, ana miaka 84, afya si nzuri. Anaipenda timu ya Detroit Lions, ule mpira wa Kimarekani wa kukimbia na mpira mkononi. Timu hii haijashinda mechi hata moja ya mtoano tangu tarehe 5 Januari 1992. Miaka 32! Jumapili hii wanacheza mtoano nyumbani kwao Detroit, na mzee ameshajua. Kila asubuhi ananiuliza imebaki siku ngapi.

Wakishindwa ataumia, na nikisema ataumia mnielewe. Nimefikiria nimlaze saa moja kabla mechi haijaanza, asubuhi nimwambie wameshinda. Je, ni dhambi? Au nimwache aangalie, liwalo na liwe?

Mkulima wa Kibaha

Dada, uongo ni uongo hata ukiupaka asali. Mzee wa miaka 84 ameona vita, ameona misiba, atashindwa kuona timu ikifungwa? Mwache aangalie. Wazee wetu tunawafanya watoto wadogo halafu tunashangaa wanapokosa nguvu.

Kijiwe cha Simba

Miaka 32 ndiyo mnalia? Sisi Taifa Stars tumekwenda AFCON 1980 kule Nigeria, tukarudi tena 2019 Misri, na mpaka leo hatujashinda hata mechi moja ya fainali hizo. Moja tu! Jumatano ijayo tuna Morocco. Baba yangu alisikiliza ile ya 1980 kwenye redio ya mkulima, na wiki ijayo atakaa mbele ya runinga na jezi yake. Hakuna aliyewahi kumlaza mapema. Kuumia ni sehemu ya ushabiki, dada.

Shemeji wa Nyali

@Kijiwe cha Simba hiyo 2019 si ndiyo mlituongoza mara mbili na bado tukawapiga 3-2? Olunga mbili. Poleni majirani, siku yenu itafika.

Kijiwe cha Simba

Umeleta kidonda kwenye uzi wa watu. Ile mechi sijawahi kuirudia.

Muuguzi Mstaafu

Jamani turudi kwa mwenye shida. Binti, nimefanya kazi wodini miaka 31, niruhusu nikuulize kabla sijakushauri. Huyu ni baba yako mzazi? "Afya si nzuri" ni nini hasa: moyo, presha, kiharusi? Na hilo neno "ataumia" umelirudia mara mbili. Ataumia moyo au ataumia mwili?

BintiUkerewe

Shikamoo mama. Si baba yangu mzazi. Ni mzee ninayemtunza nyumbani kwake, ndiyo kazi yangu hapa, mwaka wa tatu nipo naye. Nimemwita mzee wangu kwa sababu ndivyo alivyo kwangu.

Ana ugonjwa wa kusahau. Mkewe alifariki, lakini siku nyingine ananituma nikamwite aje ale. Cha ajabu, mechi ile ya 1992 hajaisahau. Alikuwepo uwanjani na mkewe. Walicheza na Dallas, wakawapiga 38-6. Kuna kanda ya mechi ile iliyohamishiwa kwenye sidii, na kila Jumapili baada ya mechi ya kweli naiweka. Mama, ungemwona! Anamjua kila mchezaji. Barry Sanders akipata mpira karibu na mwisho akakimbia yadi 47, mzee anahama kabisa kwenye kiti, mabega yanakwenda huku na huku kama yeye ndiye anawakwepa. Halafu ananyanyua dole gumba. Kulikuwa na mchezaji wao, Mike Utley, aliyevunjika shingo Novemba 1991 wakicheza na Rams akapooza. Alipokuwa anatolewa uwanjani kwenye machela alinyanyua dole gumba, na ikawa alama ya timu nzima msimu ule. Mzee ananinyanyulia mimi kila usiku ninapozima taa.

Jumapili hii wanacheza na Rams hao hao.

Bukavu Moja

Yaya, mimi niko Grand Rapids, tuko Wakongomani wengi huku, na ninafuata Lions tangu nifike. Ngoja niwaeleze wenzetu, maana hawajui uzito wa kitu hiki. Tangu ushindi ule wamepoteza mechi tisa za mtoano mfululizo. Ile ya 1994 na Green Bay, Barry Sanders mwenyewe, mkimbiaji bora, alibeba mpira mara 13 akaishia na hasara ya yadi moja. 1995 Philadelphia waliwatia alama 58. Msimu wa 2014 kule Dallas mwamuzi alitupa kitambaa cha kosa kwa faida ya Lions, halafu wakakiokota, wakasema hakuna kosa. Mwaka 2008 walipoteza mechi zote 16 za msimu, hapo hata mtoano hauzungumziwi.

Na sikiliza hii: Matthew Stafford, kwotabeki wao, yaani mrushaji mkuu wa mpira, kwa misimu 12, alicheza mtoano mara tatu, akashindwa zote. 2021 wakamtoa kwa Rams wakamchukua Jared Goff. Msimu wa kwanza tu kule Los Angeles, Stafford akachukua ubingwa. Jumapili anarudi Ford Field, uwanja wa Lions, kama adui. Huku watu hawalali. Kazini kwetu kuna bwana mmoja wa miaka hamsini na kitu alilia akila chakula cha mchana, na mechi bado.

Mwache mzee aangalie. Mtu aliyengoja miaka 32 humfungii mlango siku ya mwisho.

Muuguzi Mstaafu

Asante Bukavu Moja, nimeelewa uzito. Binti, swali langu la tatu hujalijibu. Mtu hapangi kumlaza mzee saa moja usiku kwa sababu ya matokeo tu. Kuna kitu kilishatokea. Lini, na kilikuwa nini?

Mkulima wa Kibaha

Mimi nauliza tu, huyo mzee ana watoto?

BintiUkerewe (Ijumaa)

Nimekaa na maswali yenu usiku kucha.

Tarehe 30 Desemba walicheza Dallas. Walikuwa nyuma, wakafunga zikiwa zimebaki sekunde chache, ikawa 20-19, wakaamua kutafuta alama mbili za kushinda. Mchezaji wao Decker akaudaka. Mzee alisimama! Waamuzi wakaikataa, eti hakujiandikisha kwao kwamba atapokea mpira. Mechi ikaisha hivyo. Niliweka kanda ya 1992 kama kawaida, lakini hakutulia. Usiku wa manane nikasikia kishindo. Alikuwa amevaa koti juu ya nguo za kulala, anatafuta funguo za gari aende uwanjani kuongea na waamuzi. Alianguka mlangoni.

Hakuvunjika. Alichubuka kiwiko na kupata alama ya bluu nyongani. Nilimwosha, nikamfunga bandeji, nikakaa kitandani kwake mpaka akalala.

Ana binti mmoja, anaishi Ohio.

Muuguzi Mstaafu

Ulimwambia?

BintiUkerewe

Kwenye daftari la zamu niliandika "amelala vizuri".

Kabla hamjanihukumu naomba mnisikie. Binti yake alishasema wazi kwamba mzee akianguka mara moja tu, anampeleka nyumba ya wazee. Nyumba hizo nimefanya kazi, nazijua. Kiti chake hakitakwenda. Kanda haitakwenda, na ikienda hakuna atakayeiweka. Hapa anajua choo kilipo hata gizani. Nilimlinda yeye. Na ndiyo, nina karo za wadogo zangu wawili Nansio, sikatai. Lakini ningekuwa nafikiria mshahara tu ningeshamlaza mapema kila siku nikakaa na simu yangu. Nilichokuja kuuliza ni mechi ya Jumapili, si daftari.

Mama Wawili Tabata

Mwenzangu, mimi nimekuelewa. Nilimtunza mama mkwe miaka minne na kuna mambo mengi sikumwambia mume wangu. Siku moja alimwaga uji wa moto mapajani, nikampaka dawa, nikanyamaza. Mume wangu alikuja kuliona kovu siku ya kumwosha marehemu. Hakusema kitu. Ni miaka tisa sasa na hajawahi kusema kitu. Nakuandikia haya saa nane usiku.

Fundi Saa

Samahani jamani, mnalia bure, hii ni chai. Nimeenda kutafuta. Ford Field umefunguliwa 2002. Sasa mzee na mkewe waliangalia mechi ya 1992 kwenye uwanja ambao haujajengwa? Halafu kila kitu kimekaa vizuri mno: Rams wa 1991, Rams wa sasa, dole gumba, mke marehemu. Na akaunti ina wiki tatu. Watu wanatunga hadithi humu kutafuta huruma, mwisho wake inaletwa namba ya kuchangia.

Kijiwe cha Simba

Aisee. Hata mimi nilikuwa nimeshaanza kumpenda mzee.

Shemeji wa Nyali

Tulipigwa chai ya namna hii mwaka jana na yule wa figo. Dada jibu hilo la uwanja.

Bukavu Moja

Ngojeni basi. Yeye alisema "uwanjani", hakutaja Ford Field ya 1992. Wakati huo Lions walikuwa wanachezea Pontiac.

BintiUkerewe

Asante kaka. Ndiyo, Silverdome, mji wa Pontiac. Mzee alifanya kazi ya kuunganisha magari hapo hapo Pontiac, walikwenda na mkewe kwa miguu sehemu ya njia kwa sababu ya foleni. Paa lilikuwa la kitambaa kinachoshikiliwa na hewa, na milangoni hewa ilikuwa inakusukuma ukitoka. Mkewe kofia yake iliruka wakati wa kutoka, hawakuipata. Hilo amenisimulia labda mara mia mbili.

Fundi Saa, uwanja ule ulibomolewa 2017. Usiku ule alikuwa anatafuta funguo aende kwenye mahali ambapo hapapo. Ndicho kinachoninyima usingizi, nje kulikuwa na baridi ya kuua na mlango ulikuwa wazi nusu. Ningechelewa dakika tano tu.

Sihitaji mchango wa mtu.

Muuguzi Mstaafu

Soma tena ulichoandika, "ningechelewa dakika tano tu". Jibu lako umeshajipa, ulikuwa unalizunguka. Mwanangu, aangalie au asiangalie si swali. Kuna mtu wa pili anatakiwa awe ndani ya nyumba hiyo Jumapili usiku, na mtu huyo yuko Ohio hajui kitu. Mpigie leo, usingoje kesho. Na umwambie kiwiko kabla ya mechi, usianze na mechi.

Mkulima wa Kibaha

Naunga mkono. Mimi nilikuwa nahubiri uongo wa matokeo, kumbe uongo ulikuwa kwenye daftari.

Fundi Saa

Silverdome nimeitafuta, nimeona. 2017 kweli. Naomba radhi kwa hilo la uwanja. Mengine bado natafakari.

BintiUkerewe (Jumatatu, 15 Januari)

Nimelala saa tatu tu, naandika kwa kifupi.

Nilimpigia Jumamosi asubuhi. Alinyamaza muda mrefu mpaka nikadhani simu imekatika. Halafu akauliza kiwiko cha mkono gani. Akasema amekasirika, na atanieleza amekasirika kiasi gani siku nyingine, ila Jumapili anakuja. Alifika saa kumi jioni, barabara zimejaa theluji, na jezi ya mama yake kwenye mfuko.

Tuliangalia watatu. Nyimbo za kumwita Goff zilianza hata kabla ya mpira. Mpaka mapumziko ilikuwa 21-17, na kipindi cha pili Lions waliongeza alama tatu tu. Stafford alikuwa anarusha mipira ya kutisha. 24-23. Mzee alishika mkono wa binti yake akamwita jina la mkewe, na binti akaitika.

Daktari ni kesho. Kazi yangu ipo mpaka mwisho wa mwezi, baada ya hapo wataamua. Daftari nimelirekebisha, tarehe 30 nimeiandika upya na kusaini.

Kijiwe cha Simba

WAMESHINDA??? Mungu mkubwa. Sasa Jumatano ni sisi.

Muuguzi Mstaafu

Hongera kwa simu ile. Kesho mwambie daktari na ile alama ya nyongani pia, usiseme kiwiko peke yake.

Fundi Saa

Niliamka saa kumi alfajiri kutafuta hiyo mechi mtandaoni, nikaipata. Sikuelewa mengi. Lakini mwishoni kabisa yule Goff anapewa mpira, anapiga goti, basi. Anapewa tena, anapiga goti. Uwanja mzima unalia. Kwa nini hawachezi?

BintiUkerewe

Muda ulikuwa umebaki kidogo na Rams hawana tena namna ya kusimamisha saa. Ukipiga goti saa inakwenda mpaka inakwisha, hakuna anayeweza kukunyang'anya. Mimi na binti yake tulikuwa bado tumeziba midomo, tunangoja. Mzee aliliona goti la kwanza tu, akaegemea kiti, akanyanyua dole gumba.