Kabla ya herufi, elimu ilikaa wapi?

Muulizaji, Masaka:
Wakuu, habari za jioni. Juzi jaja wangu, yaani bibi yangu, alinitajia mababu 11 mfululizo, kila jina akigonga kidole kwenye ukingo wa kikapu chake cha kahawa. Nilipojaribu mimi, nilikwama baada ya wa nne. Iliniuma sana. Nimefika Bigo bya Mugenyi, Ssembabule: mahandaki ya zaidi ya kilomita 10, na wazee husema ni kazi ya Bachwezi, watawala wa kale wa masimulizi yetu. Waliyachimba bila kuandika hata herufi moja. Elimu yao waliihifadhije?

Jibu, Kampala:
Ndugu yangu, kwetu Buganda kila ukoo una mdundo wake wa ngoma, mubala. Ukilia, aliye shambani anajua ni ukoo gani unaoitwa. Halafu kuna muziro, yaani mnyama au kitu ambacho ukoo umejiwekea mwiko: wa ukoo wa Nsenene hali senene, wala haoi ndani ya ukoo wake. Sheria nzima ya ndoa imekaa kwenye jina la mdudu!

Jibu, Hoima:
Apolo Kagwa, waziri mkuu wa Buganda, alipochapisha historia ya Makabaka, yaani wafalme wa Buganda, mwaka 1901, mengi aliyachota vinywani mwa wazee. Ila kinywa nacho hubadilika. Bachwezi hao hao, huku Bunyoro wengine huwasimulia kama wafalme, wengine huwaomba kama mizimu. Mimi naziheshimu simulizi zote mbili.

Muulizaji:
Asanteni sana, wakuu. Jumamosi narudi kwa jaja, simu ikiwa na chaji. Tutaanzia jina la tano.