YAH: Tangazo la kazi linasema "raia tu", niombe au niache?

Kutoka: Baba Neema

Shikamooni wakubwa, wengine habari zenu. Mji ninaokaa umetangaza nafasi ya karani wa bili za maji. Sifa zote ninazo ila moja: wanataka raia wa Marekani tu. Grinikadi yangu, yaani kibali cha ukaazi wa kudumu, inaingia mwaka wa saba. Uraia sijaomba kwa sababu mnayoijua. Sisi Watanzania ukichukua wa kwao, wa kwetu umekwisha, na mimi nina kiwanja Kibaha. Nijaribu au napoteza muda?

Kutoka: Mama Salma

Marahaba baba. Omba.

Mwaka 1971 jiji la New York lilipomeza mashirika fulani ya huduma, wafanyakazi wanne wenye ukaazi halali wakaachishwa kazi kwa kuwa sheria ya utumishi ya jimbo ilidai uraia. Wakaenda mahakamani. Kesi inaitwa Sugarman dhidi ya Dougall, na mwaka 1973 Mahakama ya Juu ikaitupa ile sheria, majaji wanane kwa mmoja. Jimbo linaruhusiwa kudai uraia kwa wanaotunga na kusimamia sera, lakini haliwezi kumfungia mlango kila karani na mfagizi.

Baadaye mlango ulirudishwa kidogo: askari polisi wa jimbo walikwama 1978, walimu wa shule za umma 1979 (hapo mpaka leo sijaelewa, mwalimu wa hesabu anatawala nani?), maofisa wa uangalizi wa wahalifu 1982. Bili za maji haziko humo.

Usianze kwa ukali. Andikia idara yao ya utumishi, uliza kwa adabu sharti hilo linatokana na sheria gani. Mimi niliwahi kuuliza hivyo, kumbe mtu alinakili tangazo la zamani. Wakalifuta.

Kutoka: Mjomba wa Dallas

Mama Salma kasema kweli, ila kuna mtego. Sheria ya 1986 nayo inakataza mwajiri kukubagua kwa uraia ukiwa na grinikadi, na malalamiko hupelekwa Wizara ya Sheria ndani ya siku 180. Lakini kinga hiyo ni ya yule anayeomba uraia ndani ya miezi sita tangu alipostahili kuomba. Kwa kawaida unastahili ukitimiza miaka mitano. Wewe hesabu mwenyewe. Imebaki njia ya katiba, ile ya kesi ya Sugarman, nayo inataka wakili na pesa.

Kazi za serikali kuu ya Washington usizihangaikie. Mwaka 1976 mahakama iliwapa wageni ushindi, na mwaka huohuo Rais Ford akalirudisha katazo la kuajiri wasio raia kwa amri yake.

Kutoka: Mkamba wa Seattle

Poleni majirani. Sisi Wakenya tangu 2010 tunaruhusiwa uraia pacha, lakini ibara ya 78 ya Katiba inamzuia afisa wa Serikali, yaani mwenye cheo ambacho Katiba inakihesabu kuwa cha Dola, kuwa nao. Mwaka 2019 Mwende Mwinzi aliteuliwa balozi wa Kenya nchini Korea Kusini, Bunge likamtaka aukane kwanza uraia wa Marekani. Mahakama Kuu ikasema balozi ni afisa wa umma, si afisa wa Serikali, kwa hiyo sharti hilo halimhusu. Ni swali lilelile la Mama Salma: kazi yenyewe ni ya kufanya nini? Kwa hiyo na wewe soma majukumu kwenye tangazo, si kichwa chake tu.

Kutoka: Baba Neema

Asanteni sana. Mjomba, hiyo ya miezi sita imeniuma. Majukumu nimeyasoma: kupokea malipo, kujibu simu, kurekebisha bili. Barua pepe nimetuma asubuhi hii, fomu naipeleka Ijumaa. Kuna kisanduku kinauliza kama mimi ni raia. Jamaa yangu hapa kazini ananiambia niweke ndiyo, watayajua mbele ya safari.

Kutoka: Mama Salma

Baba Neema, weka HAPANA! Tangu sheria ya 1996, kudai uraia usio nao kunatosha kukurudisha Kibaha na grinikadi yako ukaiacha hapa. Huyo jamaa mwambie ajaze ya kwake.