Mmea wa ukutani haushiki tofali, na vuli majani hayawi mekundu

Mwenye_Banda
Wakuu, habari za saa hizi. Niko Minnesota, Marekani. Nina ukuta wa banda la gari, tofali za kuchoma, urefu mita 6, kimo mita 2.7. Unatazama kaskazini-mashariki, jua linaupiga mpaka saa tano asubuhi hivi, halafu kivuli kutwa nzima. Hapo kuna mimea miwili ya majani matanotano, hii inayoitwa Virginia creeper, iliyochimbwa ukingoni mwa msitu. Huu ni mwaka wa tatu. Kurefuka inarefuka, lakini tofali haishiki kabisa: upepo ukija yote inalala chini kama mkeka. Na ikifika vuli (ya huku, siyo ile ya mvua) majani yanabaki kijani hadi jalidi ya kwanza ya Oktoba, yanakuwa kahawia, yanapukutika. Ukuta wa jirani una mmea kama huu huu na katikati ya Septemba tayari unawaka. Mbolea ni ile ya nyasi tu, 30-0-4, maana nyasi zimefika hadi kwenye shina. Niing'oe au kuna dawa?

Kikono
Kabla ya kushika jembe, chukua tawi changa uangalie vikono vyake, zile nyuzi zinazotoka kwenye tawi, upande unaokabili jani. Kuna mimea miwili inayoitwa kwa jina hilo moja, na hata wauza miche huichanganya.

Parthenocissus quinquefolia: kikono hugawanyika vidole 5 hadi 8, na ncha ya kila kidole ikigusa kitu kigumu huvimba ikawa kisahani cha gundi, ukubwa wa kichwa cha njiti ya kiberiti kilichobonyezwa. Huu hupanda ukuta bila msaada.

Parthenocissus inserta: vidole 3 hadi 5, virefu, vyembamba, vinajiviringisha kwenye waya au kijiti. Kisahani hakuna. Jani lake linang'aa zaidi upande wa juu. Kingo za misitu ya Minnesota zimejaa huu, kwa hiyo nadhani ndio uliouchimba. Utausubiri miaka kumi ushike tofali na hautashika, kwa sababu hauna cha kushikia.

Vaa glavu. Utomvu wa hii mimea una fuwele ndogo kama sindano zinazowasha ngozi, na matunda yake ya bluu iliyokoza ni sumu kwa watu, watoto wasiyaguse. Na chochote chenye majani matatumatatu, shina lenye vinyweleo kama kamba ya katani na matunda meupe, achana nacho: huo ni upupu wa Marekani, poison ivy. Usiuchome moto, moshi wake unaunguza hadi mapafu. Shida ni kwamba miche michanga ya Virginia creeper nayo huweza kutoa majani matatu, kwa hiyo tazama tawi zima, si jani moja.

Fundi Tofali
Mimi niseme upande wa ukuta. Chukua msumari ukwaruze saruji kati ya tofali. Ikibaki ngumu, mmea wa visahani hauna madhara. Ikimomonyoka unga, ama ni chokaa ya zamani ama imechoka. Rekebisha viungio kwanza, kwa sababu ukija kuvuta matawi vipande vitatoka navyo. Kuta za mbao au zilizovalishwa plastiki usiziguse na mimea hii. Hupenya nyuma ya ubao, na rangi huwezi kupaka tena.

Kama ni ule wa kujiviringisha, weka wavu wa chuma, ule wa kulazia chini ya zege ambao nyumbani tunauita BRC, matundu ya sentimita 15. Usiubandike ukutani. Weka vipande vya bomba vya sentimita 7 nyuma ya kila skrubu ili hewa ipite na vikono vipate pa kuzunguka. Skrubu zisizoshika kutu, plagi ndani ya tofali au kiungio kizima, umbali wa sentimita 60 hadi 90. Juu uache nusu mita chini ya gata. Matawi yakishaingia kwenye gata hubeba majani makavu, maji yanarudi ukutani, na wakati wa barafu ndiyo utalia.

Mwenye_Banda
Asanteni sana. Nimeangalia: vidole vitatu, vingine vinne, visahani hakuna. Vimejizungusha kwenye waya wa taa. Saruji ni ngumu. Sasa rangi je?

MichePoa
Rangi ina mambo mawili kwako, na la kwanza umelitaja mwenyewe: 30-0-4. Namba ya kwanza ni naitrojeni, asilimia 30. Mizizi ya mmea wako inakula meza moja na nyasi.

Jinsi inavyokwenda ni hivi. Siku zikifupika, mmea unajenga tabaka kama la kizibo pale kikonyo cha jani kinapoungana na tawi. Ukijani unavunjika, sukari inanaswa ndani ya jani, na jua likilipiga jani hilo linatengeneza rangi nyekundu, antosayanini. Mchana wa jua na usiku wa baridi ambao haujafika kuganda, nyuzi 2 hadi 7 hivi, ndio hutoa wekundu wa kweli. Mmea ulioshiba naitrojeni Agosti bado unatoa majani mapya, haujaanza hata kujifunga. Jalidi inakuta mmea ungali kijani, inaua jani likiwa zima, ndiyo kahawia unayoiona. Hiyo si rangi ya vuli, ni jani lililokufa kwa baridi.

La pili ni mwanga. Ukuta wako unapata jua la asubuhi tu. Kivulini mimea hii huishia njano au waridi hafifu. Kipimo rahisi: tazama majani ya juu kabisa, yale yanayochungulia paani. Mwishoni mwa Septemba yakiwa na wekundu na ya chini hayana, kinachopungua ni mwanga. Yote yakiwa kijani sawasawa, ni mbolea.

Ng'oa nyasi mita moja kuzunguka shina, weka matandazo ya vipande vya mbao sentimita 7, yasiguse shina. Mbolea usiweke yoyote. Maji usiyakate ukidhani kiu italeta rangi. Mmea ulioumia kwa ukame huangusha majani mapema kabla hayajageuka. Na ukiona madoadoa meupe yamejaa juu ya jani Julai, geuza upande wa chini: kuna vidudu vidogo vyenye umbo la kabari vinavyofyonza. Jani lililonyonywa halina sukari ya kutengenezea wekundu. Yapige maji ya bomba kwa nguvu kutokea chini mara kwa mara. Ubwiri unga, ule ukungu mweupe kama unga juu ya majani, nao huja pale matawi yalipobanana bila hewa, kwa hiyo huko chini kwenye mkeka wako lazima upo.

Mama Maua
Samahani kuingilia. Niko Arusha. Nikipata mbegu, ukuta wangu utakuwa mwekundu?

MichePoa
Mama, shikamoo. Kuota utaota, ila usitegemee onyesho. Arusha tofauti ya urefu wa siku mwaka mzima haifiki nusu saa, mmea haupati ishara ya kujifunga kwa pamoja. Majani yatageuka moja moja. Mkungu wa Pwani hugeuza majani mekundu kabla ya kuyaangusha bila baridi yoyote, lakini hiyo ni tabia yake. Kwa ukuta, rangi uitafute kwenye maua: bogenvila, au Pyrostegia venusta ya chungwa.

Kikono
Turudi kwa mwenye mada. Una njia mbili.

Ukibaki na ulionao, funga wavu wa Fundi. Machi mwishoni, kabla macho ya matawi hayajachipua, kata kila kitu kibaki sentimita 60, acha matawi 4 au 5 kwa kila shina uyatandaze kama upepeo na kuyafunga kwa kamba laini. Yakirefuka mita 3 kwa msimu yatajaza wavu mapema.

Ukitaka unaoshika tofali wenyewe, tafuta quinquefolia ya aina ya Engelmannii. Majani madogo, inashika vizuri, baridi ya huko haiisumbui. Parthenocissus tricuspidata, wa majani ya pembe tatu kama ulio kwenye ukuta wa uwanja wa besiboli wa Wrigley Field kule Chicago tangu 1937, unapendeza zaidi kwa maoni yangu, ila kwa baridi ya Minnesota ncha changa huweza kufa na kuchipua upya, na kwenye kivuli chako wekundu utapungua. Miche mitatu kwa mita 6 inatosha. Nenda kitaluni Septemba, chagua mche ambao tayari ni mwekundu. Iliyotokana na mbegu haifanani. Au muombe jirani: Juni laza tawi lake moja ardhini, likwaruze chini ya kifundo, lifukie sentimita 5, bana kwa jiwe, likate kwenye mama yake mwaka unaofuata. Hapo unapata rangi ile ile unayoiona.

Shimo liwe sentimita 40 kutoka ukutani, maana chini ya paa mvua haifiki. Upana mara mbili ya chungu, kina sawa na chungu. Mche ulalie ukuta, uegemeze kwa kijiti. Lita 10 mara mbili kwa wiki msimu wa kwanza, mvua isipokuwepo. Matawi ya zamani yaliyokuwa yakining'inia hayatengenezi visahani tena, yapogoe. Yale mapya ndiyo hushika.

Na ukiona mtu anauza mmea mwingine wa kupanda uitwao Celastrus orbiculatus kwa sababu ya matunda ya chungwa, pita. Minnesota imepiga marufuku, unanyonga miti mizima.